Nzi wa Maua: Mlinzi wa Sukuma Wiki Tunayemuua Bila Kujua

Maelezo yaliyotolewa na Afisa wa Habari wa Kaunti katika mkutano wa wakulima wa mboga.



Leo sitazungumzia bajeti wala barabara. Nataka tumzungumzie mdudu ambaye wengi wetu humwona kila siku tukadhani ni nyuki mdogo. Huelea hewani juu ya ua kana kwamba ametundikwa kwa uzi, kisha hutoweka ghafla. Ana mistari ya manjano na nyeusi, lakini hana mwiba. Ukimtazama vizuri utaona ana mabawa mawili tu, ilhali nyuki ana manne. Huyo ni nzi wa maua. Huvaa rangi za nyuki ili ndege wamwogope.

Duniani kuna zaidi ya aina 6,000 za nzi hawa. Mmoja anayepatikana sehemu nyingi za Afrika, ikiwemo Kenya, wataalamu humwita Ischiodon aegyptius. Neno aegyptius lilitolewa mwaka wa 1830 na linaitaja Misri.

Nzi mzima hula chavua na maji matamu ya maua, na akiruka kutoka ua hadi ua husaidia mimea kuzaa. Lakini kazi kubwa hufanywa na watoto wake. Jike hutafuta jani lenye vidukari, wale wadudu wadogo wanaofyonza utomvu wa sukuma wiki, kabichi na kunde, na kutaga yai moja moja jeupe karibu nao. Baada ya siku chache yai huanguliwa na kutoa buu. Buu huyu hana miguu wala macho. Hupapasa jani mpaka amguse kidukari, akamwinua na kumfyonza hadi ibaki ngozi tupu. Buu mmoja anaweza kumaliza mamia ya vidukari kabla hajageuka kuwa nzi.

Tatizo ni kwamba mkulima akimwona buu huyo husema, "Viwavi wameingia!" na kukimbilia bomba la dawa. Dawa nyingi hazichagui. Huua vidukari pamoja na adui wao. Vidukari huzaana haraka sana, kwa hiyo hurudi wa kwanza na kukuta shamba halina askari. Unanunua dawa tena, na mboga inayofika mezani kwa watoto wetu imepigwa dawa mara mbili.

Basi tuwatofautishe. Kiwavi ana miguu na kichwa kinachoonekana, na huacha matundu kwenye jani. Buu wa nzi wa maua hana miguu, amechongoka upande wa mbele, na utamkuta katikati ya vidukari. Jani halili. Dhidi ya viwavi usimtegemee.

Maafisa wetu wa kilimo wanashauri hivi:

1. Kabla ya kupiga dawa, geuza majani ya mimea kadhaa. Ukiona mabuu hawa, subiri siku chache kisha ukague tena.
2. Vidukari wakiwa wachache, waoshe kwa maji au ung'oe majani yaliyoshambuliwa zaidi.
3. Acha mistari michache ya dania itoe maua kando ya shamba. Bila chavua, jike hawezi kukomaza mayai.
4. Ikibidi kupiga dawa, muulize afisa wa kilimo wa wadi yako ni ipi isiyodhuru wadudu marafiki. Kunyunyizia jioni huokoa nzi wazima, lakini mabuu bado wako majanini. Soma kibandiko na uheshimu siku za kungoja kabla ya kuvuna.

Kukagua majani hakugharimu chochote. Kesho asubuhi, kabla hujabeba bomba, geuza jani kwanza.