Lifti ya Bure na Bima Isiyomhusu Abiria

Msikilizaji, chukua gari dogo la mtu binafsi linaloshuka kutoka Oldonyo Sambu kwenda Arusha mjini. Limekatiwa bima ndogo, ile ya mtu wa tatu, na ukiingiza namba zake kwenye mfumo wa TIRA, mamlaka inayosimamia bima nchini, unajibiwa kwamba bima iko hai. Dereva akizembea akamgonga mchunga mbuzi pembeni ya lami, kampuni ya bima itawajibika kumfidia mchungaji huyo. Lakini kwenye kiti cha nyuma kuna mama aliyepewa lifti ampeleke mtoto hospitali ya Selian, pale Ngaramtoni. Naye akivunjika mguu katika ajali hiyohiyo, atakuta kwamba sheria haikumlazimisha mwenye gari kuwa na bima kwa ajili yake. Dereva ni yuleyule na uzembe ni uleule, ila majeruhi mmoja ana kampuni ya kuidai, na mwingine amebaki na dereva ambaye huenda mali yake yote ni hilo gari lililokunjamana.

Hilo liko wazi ndani ya Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, iliyotungwa mwaka 1945 wakati wa Mwingereza. Kifungu cha 5 kinataka bima ibebe dhima ya kifo au majeraha ya mtu yeyote yanayotokana na gari barabarani. Kisha hapohapo kinatoa msamaha: bima hailazimiki kumhusu aliyemo ndani ya gari, anayepanda au anayeshuka, isipokuwa gari hilo linabeba abiria kwa malipo au watu wanaosafiri kwa mkataba wa ajira. Kwa hiyo abiria wa daladala analindwa, wa lifti halindwi. Na msamaha huo haubagui mgeni na mwenyeji: mtoto anayepelekwa shule na baba yake naye yumo. Kweli, haki ya majeruhi kumshtaki dereva mzembe haijafutwa, lakini hukumu dhidi ya mtu asiye na kitu ni karatasi tu. Hata ukivuka Namanga hujaokoka, kwa maana Sura ya 405 ya Kenya ina msamaha huohuo. Sheria zote mbili zimefuata Sheria ya Barabara ya Uingereza ya mwaka 1930.

Waingereza wenyewe waliuacha utaratibu huo zamani. Bunge lao lilitunga sheria mwaka 1971, ikaanza kutumika Desemba 1, 1972, na tangu hapo kila gari lazima liwe na bima kwa abiria wake, awe amelipa au hakulipa. Sheria hiyo ilibatilisha pia yale makubaliano ya panda kwa hatari yako mwenyewe. Sisi tuliorithi kifungu tumeendelea kukitunza baada ya mwenyewe kukitupa.

Wapo watakaosema lifti ni hisani, na aliyepewa hisani hana cha kudai. Hoja hii ina mvuto, kwani nani anapenda kuona mtu akimburuza mahakamani jirani aliyemsaidia? Majimbo mengi ya Marekani yaliwahi kuifanya sheria, Connecticut mwaka 1927 na California mwaka 1929, yakamzuia abiria wa bure kumdai dereva kwa uzembe wa kawaida. Mwaka 1973 Mahakama ya Juu ya California, katika shauri la Brown dhidi ya Merlo, iliitupa hoja hiyo. Ukarimu si sababu ya kumwondolea mtu kinga, na kwa kawaida anayelipa ni kampuni ya bima, si mwenyeji. Nami naongeza kwamba bima ndiyo inayoulinda ujirani: bila hiyo, majeruhi hana pa kwenda ila kumdai mfadhili wake kuku na mbuzi.

Tena tuulizane, hii lifti ni hisani ya namna gani? Siku ya soko pale Oldonyo Sambu, jua likishaanza kuinama, watu wanajibana kwenye pikapu na madebe yao matupu, na wakati wa kushuka mtu anamwachia dereva elfu moja au mbili, ya mafuta. Hapo ndipo mtego ulipo. Asipotoa kitu, sheria haikumlazimisha mwenye gari kumkatia bima. Akitoa, kampuni inaweza kudai kwamba gari la binafsi limefanya biashara ya kubeba abiria, jambo ambalo hati za bima za magari binafsi kwa kawaida hulikataza. Atoe asitoe, mwenye shida ni yeye.

Ajali nayo haichagui. Februari 24, 2024, pale Kibaoni Ngaramtoni, kwenye barabara hiihii ya Namanga, lori liligonga magari mengine matatu na watu 25 wakafariki. Lori likiwa ndilo lenye kosa, waliomo katika magari yaliyogongwa ni watu wa tatu kwa bima ya lori, hata kama hakuna aliyelipa nauli. Lakini kosa likiwa la dereva wa gari walilopanda, hesabu inageuka. Sioni haki katika kinga inayotegemea ni dereva yupi amekosea.

Kuna pingamizi mbili zenye uzito zaidi dhidi ya kulazimisha bima imhusu kila abiria. Ya kwanza ni gharama: bima ndogo ya gari binafsi imekuwa shilingi 118,000, kodi ikiwemo, na wengi wanaiona mzigo. Ni kweli itapanda. Ila gari dogo lina viti vitano, dereva akiwemo, na mzigo wa wachache wanaoumia utagawanywa kwa magari yote ya nchi. Leo mzigo huohuo unabebwa na ukoo mmoja unaouza ng'ombe kulipia chuma cha mguuni. Ya pili ni kwamba tutahalalisha kurundika watu nyuma ya pikapu. La hasha. Kampuni imlipe majeruhi kwanza, kisha imdai mwenye gari aliyevunja masharti. Faini ya trafiki ibaki palepale.

Bunge lifute msamaha huo wa kifungu cha 5, na TIRA ndiyo ipeleke pendekezo. Kabla ya hapo, wewe mwenye gari, ukienda kukata bima usiulize bei tu. Muulize wakala kama abiria asiyelipa yumo, naye akuoneshe imeandikwa wapi kwenye hati.