Kosa Lirekebishwe Lingali Dogo

Wahitimu wa uhasibu na ushirika, leo nina jambo moja la kuwaambia. Kila taasisi hukosea. Inayodumu ni ile inayokiri mapema na kurekebisha.

Ushahidi tunao hapa nyumbani, Tanzania. Mwaka 1972 serikali yetu ilifuta halmashauri za wilaya, na mwaka 1976 ikavunja vyama vikuu vya ushirika, kazi ya kununua mazao ikahamia kwa mamlaka za mazao. Mwaka 1977, akiwa bado madarakani, Mwalimu Nyerere aliandika tathmini ya miaka kumi ya Azimio la Arusha, akataja mafanikio pamoja na mapungufu. Mwaka 1982 zikatungwa sheria za kuvirudisha vyombo hivyo, na baadaye Mwalimu mwenyewe akakiri waziwazi kwamba kuvifuta lilikuwa kosa. Hata hivyo, miaka ilikuwa imekwisha kupita. Mali za ushirika zilishakwenda mikononi mwa wengine, na kuanza upya kukawa kugumu. Usipoziba ufa, utajenga ukuta.

Wapo watakaosema kiongozi akikiri kosa atadharauliwa. Mwalimu alikiri, na heshima yake ipo hadi leo, hata kwa wasioafiki siasa zake. Wengine wanahofu kwamba tukisamehe makosa tutalea uzembe. Hofu hiyo ina msingi, ndiyo maana kukiri peke yake hakutoshi: anayekiri aeleze kilichotokea, alipe panapostahili, kisha abadilishe utaratibu ili kosa lisijirudie. Kinacholea uzembe ni usiri, kwa kuwa kosa lisilotajwa halina wa kulirekebisha.

Wahitimu, taaluma yenu imekwisha kuwafundisha adabu hii. Katika daftari la hesabu, tarakimu iliyokosewa haifutwi kwa wino mweupe. Hupigwa mstari mmoja, ikabaki ikisomeka, iliyo sahihi ikaandikwa juu yake, na aliyerekebisha akatia saini. Nendeni mkafanye kazi kwa adabu hiyo hiyo. Na mtakapokuwa wakuu, mpokeeni kwa utulivu karani anayekuja asubuhi kusema kwamba jana mizani ilisomwa vibaya. Mkimfokea, kesho mwingine atanyamaza, na atakayelipa ni mkulima.

Baada ya kusema hayo, natamka kwamba mahafali haya yamefungwa rasmi.