1+4: viti viligawanywa, jeshi hapana



Kila mara tunaposikia wakubwa wanazungumza tena juu ya kugawana viti ili vita iishe, sisi tunakumbuka 1+4. Wengi wetu hapa hatukuwa tumeanza hata masomo. Leo tuko na diploma, kazi hatuna (hiyo ni habari ingine), lakini ile hesabu tunaijua: rais mmoja, makamu wane.

Sahihi ziliwekwa Pretoria mwezi wa 12, 2002, na Sun City mwezi wa 4, 2003. Kabila akabaki rais. Bemba akapewa uchumi na feza, Ruberwa siasa na ulinzi, Yerodia ujenzi wa inchi, Z'ahidi Ngoma mambo ya jamii. Wabunge 500, maseneta 120, wote wa kupangwa, hakuna kura ya raia. Hiyo yote ilienda mbio. Lakini kila mkubwa alibakiza askari wake pembeni, maana bila bunduki nani angemsikiliza kule Kinshasa?

Bei yake tulilipa sisi. Tarehe 2 mwezi wa 6, 2004, Mutebutsi na Nkunda, maofisa waliotoka RCD, waliteka muji huu wa Bukavu wakati RCD yenyewe iko ndani ya serikali. Wamama walibakwa, maduka yakaporwa. Mwezi wa 8, wakimbizi zaidi ya 150, wengi wao Banyamulenge, wakauawa Gatumba, na Ruberwa akasimamisha ushirika wa RCD serikalini. Karibu yote ivunjike.

Na mishahara? Feza za askari zilipita mikononi mwa makomanda, na kwenye liste kulikuwa majina ya watu wasiokuwepo. Komanda gani atakubali kupeleka watu wake kwenye brassage, wahesabiwe?

Hatusemi 1+4 ilikuwa bure. Inchi iliungana tena, katiba ilipigiwa kura, wamama wetu walichagua rais 2006. Lakini uchaguzi ulichelewa mwaka mzima, na mwezi wa 8 walinzi wa Kabila na wa Bemba walipigana katikati ya Kinshasa. Majeshi mawili ndani ya serikali moja, kisha miaka mitatu!

Kwa hiyo tunaomba kwa wale watakaoketi mezani: kwanza hesabu ya kweli ya askari, mshahara upite benki, tarehe ya kuchanganya jeshi ijulikane na raia, na wabakaji wasipewe cheo. Majina ya mawaziri yaje kisha.