Kamera, Shairi na Unyenyekevu wa Mtafiti: Funzo la Maya Deren



Huenda baadhi yenu mkashangaa kumwona mwanaisimu akizungumzia filamu katika mhadhara wa taaluma za Kiswahili. Naomba mnivumilie, mwisho wa safari hii ni nyumbani.

Maya Deren alizaliwa Kyiv mwaka 1917, akakulia Marekani. Kabla ya kushika kamera alisomea fasihi, na tasnifu yake ya uzamili ya mwaka 1939 ilihusu ushairi. Mwaka 1943, akishirikiana na mumewe, Alexander Hammid, alitengeneza huko Los Angeles filamu fupi isiyo na mazungumzo, Meshes of the Afternoon. Ufunguo, kisu na ua hujirudia humo mithili ya vina, kila mara vikibeba maana mpya. Hakutegemea studio kubwa. Mwaka 1946 alikodi ukumbi New York, akazionyesha filamu zake mwenyewe.

Katika mjadala wa mwaka 1953 alieleza kwamba masimulizi huenda mbele, tukio likizaa tukio, ilhali ushairi huchimba kina cha wakati mmoja. Nasi twaijua tofauti hiyo: utenzi husafiri pamoja na matukio, shairi la tarbia laweza kutua juu ya jambo moja, kibwagizo kikiturudisha pale pale.

Mwaka 1947 Deren alikwenda Haiti kurekodi ngoma, akikusudia kuzifinyanga ziwe filamu ya kisanaa. Akagundua kwamba ngoma zile haziwezi kutenganishwa na ibada ya Vodou iliyozizaa. Alipiga picha nyingi, lakini badala ya filamu alitoa kitabu mwaka 1953. Alipofariki mwaka 1961, filamu ilikuwa haijakamilika.

Wapo watakaosema kwamba alishindwa. Kwa hakika, watazamaji walipoteza kitu. Hata hivyo, mimi naona ujasiri kwa msanii aliyekubali kuiacha nia yake pale ilipogongana na ukweli wa watu aliowaendea.

Nilipokuwa kijana mtafiti, nilinakili nyimbo za ngoma kwa uangalifu mkubwa, nikaacha midundo, miondoko na vigelegele, nikidhani kwamba maneno ndiyo wimbo. Madaftari yale ninayo hadi leo, nyimbo sina.

Basi, wanafunzi wangu, mkiona data haikai ndani ya nadharia yenu, msiikate ili ienee. Huenda hapo ndipo utafiti unapoanza.