KATIBA NA MWENYE BUNDUKI: FUNZO KUTOKA KENYA



Tarehe 27 Agosti, 2010, wananchi wa Kenya walitangaziwa Katiba mpya. Miongoni mwa waliobeba mzigo wa kazi hiyo kwa miaka mingi ni msomi ambaye silaha yake ilikuwa kalamu, Profesa Yash Pal Ghai.

Ghai alizaliwa Kenya mwaka 1938. Baada ya masomo ya ng'ambo alirudi Afrika Mashariki, na katika miaka ya 1960 akafundisha sheria hapa Dar es Salaam, ambako baadaye alikuwa Mkuu wa Kitivo cha Sheria. Wakati huo Katiba ya Uhuru ya Kenya, iliyojadiliwa na Waingereza huko Lancaster House, London, ilikuwa ikibomolewa tofali baada ya tofali. Mwaka 1964 nchi ikawa Jamhuri na mfumo wa majimbo ukaondolewa. Mwaka 1966 Seneti ikafutwa, na mamlaka ya Serikali ya kuwaweka watu kizuizini yakapanuliwa.

Mwaka 1970 Ghai na mwenzake Patrick McAuslan walichapisha kitabu kikubwa juu ya sheria na mabadiliko ya siasa nchini Kenya. Hawakuanza na mwaka 1963, bali walirudi nyuma hadi enzi ya ukoloni. Walionyesha kwamba mkoloni alitawala kwa amri za maofisa wake, si kwa ridhaa ya raia. Katiba ya Uhuru ilipandikizwa juu ya shina hilo la zamani, na warithi wa madaraka wakaona shina lawafaa kuliko tawi.

Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta. Juni 1982 Katiba ya Kenya ilibadilishwa ili kuruhusu chama kimoja tu. Tarehe 1 Agosti mwaka huo huo baadhi ya askari wa Jeshi la Anga walijaribu kuipindua Serikali. Jaribio likashindwa, na damu ikamwagika bure. Mwaka 1988 majaji wakaondolewa kinga ya kazi zao, na polisi wakaruhusiwa kumshikilia mtuhumiwa wa kosa la kifo kwa siku 14 badala ya saa 24 kabla ya kumpeleka mahakamani. Askari aliyepewa siku hizo hakuongezewa heshima mbele ya raia. Aliongezewa hofu na chuki yao.

Mwishoni mwa mwaka 2000 Ghai aliteuliwa kuongoza Tume ya Marekebisho ya Katiba. Alikuta kundi jingine, lililoungwa mkono na viongozi wa dini, limeanza kazi hiyo hiyo kivyake. Angeweza kulipuuza, maana uteuzi alikuwa nao mkononi. Badala yake alikaa na pande zote mbili hata zikaungana mwaka 2001. Tume ikazunguka nchi nzima kuwasikiliza wananchi, na Machi 2004 mkutano mkuu wa Bomas ukapitisha rasimu. Rasimu hiyo ilipokuja kubadilishwa na wakubwa, wananchi waliikataa kwa kura Novemba 2005. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 ghasia zikazuka, na watu zaidi ya 1,000 wakapoteza maisha. Ndipo mengi ya yale ya Bomas yakarudi katika Katiba ya 2010.

Katiba hiyo yamhusu askari moja kwa moja. Ibara ya 239 yavikataza vyombo vya usalama, na kila aliyemo ndani yake, kutumikia maslahi ya chama chochote cha siasa. Ibara ya 245 yasema hakuna mtu, hata Waziri, awezaye kumwelekeza Inspekta Jenerali wa Polisi ni nani ashikwe na ni nani aachwe. Na zile saa 24 zimerudi.

Mwaka 2012 Ghai aliongoza Tume ya Katiba ya Fiji, nchi ya visiwa iliyopinduliwa na wanajeshi wake mara kadhaa tangu 1987. Rasimu ya Tume yake ilitaka jeshi litoke katika siasa. Desemba mwaka huo polisi walifika kiwandani ilikochapishwa, wakachukua nakala zilizokuwa tayari, na kurasa za matayarisho wakazichoma moto mbele ya macho yake. Mwaka 2013 Serikali ya wanajeshi ikatoa Katiba yake yenyewe.

Ndugu askari, pimeni jambo hilo. Polisi wale walikuwa wametumwa, na moto waliouwasha ulikuwa juu ya maoni ya wananchi wao wenyewe, wakiwamo wazazi na watoto wao. Karatasi huungua kwa dakika chache, lakini swali la nani anamtumikia nani haliungui. Kenya ilijibu swali hilo baada ya karibu nusu karne na kwa gharama ya maisha ya watu. Askari anayeijua historia ya Katiba ya nchi yake huitambua amri halali, na huijua pia ile isiyo halali kabla mkono wake haujaitekeleza.