Jina Lililoahidiwa Jiweni



Katika mwezi huu wa Novemba, ambamo wenyeji wetu wa Uingereza hujipachika ua jekundu kifuani na kusimama kimya dakika mbili kwa ajili ya wafu wa vita, mmenitaka niseme machache juu ya namna vita vinavyokumbukwa; nami sikuona sababu ya kwenda mbali, ilhali vita vya 1914 hadi 1918 vilipita juu ya vichwa na mabega ya babu zetu.

Aghalabu mtu wa hapa akiulizwa habari za vita vile katika Afrika ya Mashariki, hutaja filamu ya The African Queen, aliyoiongoza John Huston mwaka 1951, na ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa Uganda na Kongo. Ni filamu tamu, sikatai, na Humphrey Bogart alistahili tuzo aliyoipata. Lakini utazameni tena mwanzo wake: jeshi la Wajerumani linaingia kijijini, linatia nyumba moto, linawaswaga wanakijiji, kisha watu wale wanatoweka, na muda wote uliobaki tunafuata mashua moja yenye Wazungu wawili na mapenzi yao. Waliochukuliwa walipelekwa wapi, kamera haikuuliza.

Jibu tunalo sisi. Nchi ilijaa mbung'o, farasi na ng'ombe wa mizigo wakafa makundi kwa makundi, magari yakazama matopeni, na kwa hiyo kila sanduku la risasi, kila gunia la unga na kila machela ya mgonjwa ilihitaji binadamu wa kuibeba. Pande zote mbili zilikamata watu vijijini. Waingereza peke yao walikusanya wapagazi wanaokadiriwa kufika milioni moja, na waliokufa miongoni mwao hukadiriwa kuwa si chini ya 95,000, wachache tu kwa risasi. Mtu aliyelelewa kwa ndizi au wali alipewa unga wa mahindi wenye chenga, bila kuni wala wasaa wa kuuivisha, akaula nusu mbichi, akaharisha damu usiku kucha, na alfajiri akatwikwa mzigo ule ule.

Vita vilipokwisha yakaja maadhimisho. Mwaka 1927 ilisimamishwa Dar es Salaam sanamu ya Askari, ameinama na singe yake, mahali ilipokuwa imesimama sanamu ya Wissmann, gavana wa zamani wa Wajerumani; na mwaka 1928 wakasimamishwa Nairobi watu watatu wa shaba, mmoja wao mpagazi. Chini yao yamechongwa maneno, kwa Kiswahili pia, yanayomwahidi apiganiaye nchi yake kwamba, hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake. (Nchi ile wakati huo ilikuwa ya nani, hilo nalo ni suala.) Ahadi ni njema, ila jina la marehemu hata mmoja hamna. Wala hawakusahau: wakuu wa makaburi ya vita waliamua kwamba Mzungu apate jiwe lenye jina lake, na Mwafrika atoshewe na sanamu ya wote.

Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hata 350,000, wengi wao wa Afrika ya Mashariki na Misri, hawakuadhimishwa kwa majina au hawakuadhimishwa kabisa; na serikali ya Uingereza ikaomba radhi bungeni. Huko Cape Town, mwaka 2025, ilizinduliwa kumbukumbu yenye majina ya watu zaidi ya 1,700. Kwetu kazi hiyo ingali nyuma.

Wako wanaotaka Askari ang'olewe. Mimi siafikiani nao, maana hana kosa. Wengine husema tungoje filamu yetu wenyewe. Naitamani, lakini filamu hupenda shujaa mmoja mwenye sura ya kutazamika, na wapagazi walikufa kwa maelfu, wengi wao kwa kuhara. Kinachowafaa kwanza ni orodha. Majina mengine yamo katika aila zetu, kwa bibi aliyeko Kisumu au mjomba wa Songea ambaye bado hajaulizwa. Basi pigeni simu wiki hii. Katibu ameweka daftari mezani: liandikwe jina, jina la baba yake, kijiji alikochukuliwa, na kama alirudi au hakurudi, nasi tutayapeleka kwa Tume kwa barua ya jumuiya hii, na kudai jibu kwa maandishi.