Kuhamisha Shauri la Ndoa: Maneno Yaliyosomwa Mbele ya Wanachama, Bariadi



Sisi makarani twahamishwa kwa barua moja tu. Leo u Bariadi, mwezi ujao waambiwa uende Mtwara, nawe wafunga mizigo. Kwa hiyo wako kati yetu wanaodhani kwamba shauri la ndoa nalo hufungwa pamoja na mizigo. Sivyo.

Twamjua mwenzetu mmoja, ambaye jina lake twalisitiri. Mkewe alifungua shauri katika mahakama ya mwanzo ya huku, akitaka talaka na matunzo ya watoto. Samansi ilipomfikia mume kule alikohamia, aliandika pembeni, "Nimehamishwa," akairudisha, akalala usingizi. Shauri likasikilizwa bila yeye, likakatwa. Alipokuja kutuuliza kama laweza kuhamishwa, hatukuwa na la kumwambia ila habari za rufaa, kwa maana uhamisho wa shauri huombwa kabla ya hukumu.

Yafaa basi tuijue sheria yenyewe. Sheria ya Ndoa ya 1971 imezipa uwezo wa kusikiliza mashauri haya Mahakama Kuu, mahakama ya hakimu mkazi, ya wilaya, na ya mwanzo pia. Na Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1984, kifungu cha 47, yaruhusu shauri litoke mahakama ya mwanzo liende nyingine kama hiyo, mahakama ya wilaya ikiridhia. Au mahakama ya wilaya ilichukue yenyewe. Lakini sharti iwepo sababu, nayo iandikwe: uzito wa shauri, au hofu ya kweli kwamba haki haitatendeka, au kwamba jambo lenyewe lilitokea nje ya eneo la mahakama ile. Kuchoka safari hakutoshi.

Kule Dar es Salaam, tangu 2021, kipo kituo cha Temeke ambamo mashauri ya ndoa na mirathi husikilizwa mahali pamoja, kuanzia mahakama ya mwanzo hata Mahakama Kuu. Watu wa Simiyu, mkoa uliomegwa 2012 hasa kutoka Shinyanga, waijua vizuri nauli ya kwenda Shinyanga, na vumbi la njia ya Maswa.

Sasa tuseme lililo la aibu. Wako waombao shauri lihamishwe ili mke achoke. Yeye yuko hapa na watoto, shamba lake la pamba liko hapa, na jirani walioona jinsi alivyoishi wako hapa. Tangu hukumu ya Mahakama ya Rufani ya 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, kazi za nyumbani zahesabiwa kuwa mchango wa mke katika mali ya ndoa. Ni nani atakayezishuhudia kazi hizo huko Mtwara? Nasi, kwa kuwa kalamu iko mikononi mwetu, tumeziandika barua za namna hiyo. Moja tuliipiga chapa sisi wenyewe, kwa Kiswahili kizuri, tukaona tumemsaidia ndugu. Yule mama hatukumwuliza neno.

Wengine humshauri mke aliondoe shauri, akalifungue upya kule aliko mume. Na aangalie! Dai la talaka, isipokuwa kwa sababu chache zilizotajwa na sheria, hutanguliwa na baraza la usuluhishi wa ndoa. Na hati ya baraza hilo isiwe imepita miezi sita siku dai linapofunguliwa. Akichelewa njiani, itambidi arudi barazani kuanza tena, kwa nauli yake mwenyewe.

Mwenye barua ya kuomba uhamisho wa shauri, mume au mke, na ailete kwetu kabla ya kuipeleka mahakamani. Tutaisoma naye jioni, baada ya kazi, tukiwa na kifungu cha 47 mezani.